Jiwe la Manyoni na Mbung'o wa Unguja

Utemini, kata ya mjini Singida, yabeba katika jina lake neno mtemi: mtawala wa kale wa bara, ambaye kwa mila aliulizwa habari za ardhi na mvua. Swali hilohilo ndilo lililozisubiri nguvu za atomu zilipobisha hodi mkoani humo.

Khofu ilitangulia. Bomu lililoangamiza Hiroshima mwaka 1945 lilitengenezwa kwa sehemu kubwa kwa urani ya Shinkolobwe, Kongo. Tarehe 13 Februari 1960 Ufaransa ikalipua bomu lake la kwanza jangwani Sahara, wala Waafrika hawakutakwa shauri. Ndipo mwaka 1964, mjini Cairo, viongozi wa Umoja wa Nchi Huru za Afrika wakatangaza kuwa bara lao halizitaki silaha hizo. Mwalimu Nyerere naye, mwaka 1984, aliungana na viongozi wa nchi nyingine tano kuwasihi wenye mabomu wayasitishe mashindano yao.

Hata hivyo khofu haikuua tumaini. Tanzania ilijiunga na Shirika la Kimataifa la Nguvu za Atomiki mwaka 1976, na kuanzia mwaka 1978 Wajerumani wakatafuta urani nchini. Lakini neema iliyoonekana waziwazi haikuja na mtambo wa umeme, ilikuja na mdudu. Kati ya mwaka 1994 na 1997 mbung'o madume, waliofugwa Tanga na kuondolewa uzazi kwa mionzi, walimwagwa kwa ndege juu ya Unguja. Majike waliopandwa nao hawakuzaa. Kizazi kikakatika, na ng'ombe wa kisiwani wakaokoka na nagana.

Manyoni, kusini mwa mkoa wa Singida, hapakushuka neema ya namna hiyo. Katika miaka ya 2000 kampuni ya Uranex ya Australia ilipima urani huko na Bahi, mkoani Dodoma, kwenye mabonde ambamo maji ya mvua hutuama na watu hulima mpunga. Mgodi haukufunguliwa, ila wasiwasi uliingia: maji yatakuwaje jiwe likifukuliwa?

Sheria ya mwaka 2003 iliunda Tume ya Nguvu za Atomiki Tanzania, isimamie mionzi. Kupima mionzi ni kazi moja; kumjibu mkulima ni kazi nyingine. Mtemi hakuweza kulikwepa swali la mvua. Waliorithi madaraka yake nao hawana budi kulijibu la maji, kabla jiwe halijatoka ardhini.