Sumiko Kurishima: Mwanamke aliyechukua nafasi yake katika filamu za Japani

Sumiko Kurishima, aliyezaliwa Tokyo mwaka 1902 na kufariki dunia mwaka 1987, ni miongoni mwa wanawake wa kwanza kuwa nyota wa filamu nchini Japani. Alianza kazi wakati ambapo wahusika wengi wa kike bado walikuwa wakiigizwa na wanaume.

Mwaka 1629 watawala wa Japani waliwapiga marufuku wanawake kupanda jukwaani. Tangu hapo, nafasi za kike katika tamthilia za kabuki zilichezwa na wanaume walioitwa onnagata. Marufuku hiyo iliondolewa katika karne ya 19, lakini filamu ziliirithi desturi hiyo. Kwa kuwa filamu hazikuwa na sauti, msimulizi aliyeitwa benshi alisimama kando ya pazia na kuwasemea wahusika wote, wa kiume na wa kike. Sauti haikumfichua mwigizaji. Ila kamera iliposogea karibu na uso, tofauti ilionekana.

Mwaka 1920 kampuni ya Shochiku ilifungua studio katika eneo la Kamata, Tokyo, na kuamua kuwatumia waigizaji wa kike. Kurishima, aliyekuwa amefunzwa ngoma za jadi, alijiunga nayo mwaka 1921 na kuonekana katika filamu ya Gubijinso. Mwongozaji wake, Henry Kotani, alikuwa amefanya kazi Hollywood. Baadaye Kurishima aliolewa na mwongozaji Yoshinobu Ikeda, na wawili hao walitengeneza pamoja filamu nyingi, ikiwemo Sendo kouta ya mwaka 1923, iliyotokana na wimbo uliopendwa sana wakati huo.

Mnamo Septemba 1 mwaka huohuo, tetemeko la ardhi liliangamiza sehemu kubwa ya Tokyo na Yokohama, na zaidi ya watu 100,000 walipoteza maisha. Shochiku ililazimika kuhamishia kazi zake Kyoto kwa muda.

Miongoni mwa kazi zake zilizosalia ni Yogoto no yume ya mwaka 1933, iliyoongozwa na Mikio Naruse. Humo anaigiza mama anayefanya kazi katika baa ya bandarini ili kumlea mwanawe, huku mumewe aliyerejea akishindwa kupata ajira. Mwaka 1937 aliigiza katika filamu yenye sauti ya Yasujiro Ozu, kisha akaachana na sinema na kujikita katika ngoma. Alirejea mwaka 1956 katika Nagareru, pia ya Naruse.

Filamu nyingi bubu za Japani zimepotea kutokana na tetemeko, vita na uhifadhi duni, zikiwemo nyingi za Kurishima. Hivyo, mwigizaji aliyewahi kujulikana nchi nzima, leo hii hutazamwa katika filamu chache tu.