Mwenye Kigugumizi Aliyepewa Kipaza Sauti

Ukiwa Mungaa, mkoani Singida, utauliza gofu inakuhusu nini, maana kwetu mpira ni kandanda. Lakini historia ya Mmarekani Ken Venturi inamhusu kila mzazi ambaye mtoto wake anachekwa darasani.

Venturi alizaliwa San Francisco mwaka 1931. Utotoni alikuwa na kigugumizi kikali, hata mwalimu akamwambia mama yake kuwa hatazungumza sawasawa maishani. Kijana akakimbilia gofu, mchezo ambao angeweza kujifunza peke yake bila kulazimika kuongea na mtu.

Mwaka 1956, akiwa bado mchezaji wa ridhaa, aliingia siku ya mwisho ya mashindano ya Masters akiongoza kwa mapigo manne. Akavurunda, akamaliza kwa mapigo 80, ubingwa ukamponyoka kwa pigo moja. Mwaka 1964 alitwaa ubingwa wa US Open karibu na Washington. Siku ya mwisho walicheza mashimo 36 katika joto la karibu nyuzi 38. Daktari alimshauri aache, hakuacha. Mwaka uliofuata utaratibu huo wa mashimo 36 siku ya mwisho ukaondolewa.

Hujafa hujaumbika. Haukupita muda, mikono yake ikaanza kufa ganzi, na kushika fimbo ikawa shida. Mwaka 1968 televisheni ya CBS ilimchukua kuwa mchambuzi. Mtoto wa kigugumizi alikaa kwenye kipaza sauti hadi mwaka 2002, takriban miaka 35. Alifariki mwaka 2013.

Sisi wa redio tunajua kuwa kutangaza na kuchambua ni kazi mbili. Mtangazaji anakwambia mpira umeangukia mchangani; mchambuzi anakueleza kwa nini. Venturi hakuajiriwa kwa wepesi wa ulimi. Alijua mchezaji anayeongoza anavyotetemeka, kwa sababu yeye mwenyewe aliwahi kuongoza na kushindwa. Ulimi aliunyoosha kwa mazoezi, kama alivyonyoosha mapigo yake.

Basi mwalimu, mtoto mwenye kigugumizi anaposimama kusoma kwa sauti, wazuie wenzake wasimcheke, naye usimkatize. Mwache amalize sentensi yake. Huenda siku moja tukawasha redio tumsikilize yeye.