Zama za kina Wendo

Kinshasa, mtu akitaka kusema jambo ni la kale mno, husema ni la “tango ya ba Wendo”, zama za kina Wendo. Ajabu ni kwamba msemo huo ulikuwa umeshazoeleka vinywani mwa watu ilhali Wendo mwenyewe angali hai, na hakuna tena aliyemwita jukwaani.

Antoine Wendo Kolosoy alizaliwa mwaka 1925 huko Mushie, akaachwa yatima angali mdogo. Ujana wake ulipita kwenye meli za Mto Kongo, ambako alikuwa fundi wa mitambo. Kazi ikipungua alichukua gitaa na kuwaburudisha abiria. Aliwahi pia kuwa bondia.

Mwaka 1948 aliingia studio ya Ngoma mjini Léopoldville, Kinshasa ya leo, pamoja na mpiga gitaa Henri Bowane. Wakarekodi “Marie-Louise”. Wendo anaimba kwa sauti nyembamba inayopanda ghafla na kuvunjika, kisha gitaa la Bowane linakata mbuga kwa sebene, ile sehemu ya wimbo ambamo gitaa hutawala. Wimbo ulivuma hadi watu wakasema ukipigwa usiku wa manane wafu hufufuka. Sijui sifa kubwa kuliko hiyo, wala ya hatari zaidi, maana wakuu wa Kanisa hawakuichukulia kama mzaha. Wendo alilazimika kuondoka Léopoldville, na yasemwa aliishia kifungoni Stanleyville, Kisangani ya leo.

Baadaye wakaja wanamuziki vijana, kina Kabasele na Franco, na bendi zao kubwa, na masikio ya watu yakahamia huko. Lakini si vijana peke yao waliomnyamazisha. Patrice Lumumba, waziri mkuu wa kwanza wa Kongo huru na rafiki yake, aliuawa mwaka 1961, na wanasiasa waliobaki walitaka wanamuziki wawe wapambe wao. Wendo hakutaka kuwaimbia sifa. Katikati ya miaka ya 1960 akaacha muziki, akakaa kimya karibu miaka 30.

Aliporudi studio katika miaka ya 1990, albamu yake iliitwa “Nani akolela Wendo?”, yaani nani atamlilia Wendo. Alizunguka Ulaya na wazee wenzake wa bendi ya Victoria Bakolo Miziki, akapigiwa makofi na watu ambao hawakuwa wamezaliwa mwaka 1948. Alifariki Kinshasa tarehe 28 Julai 2008.

“Marie-Louise” bado inapatikana. Ukiisikiliza, mpe nafasi kwanza mwimbaji, kabla gitaa la Bowane halijakuteka.