Matamshi ya Chuki na Uchochezi

Istilahi ya "matamshi ya chuki" ilienea nchini Kenya baada ya fitina ya uchaguzi wa Desemba 2007, ambayo iliwaua watu zaidi ya 1,100 na kuwahamisha malaki makwao, hata Bunge likapitisha mwaka uliofuata Sheria ya Uwiano na Utangamano wa Kitaifa, ambayo kifungu chake cha 13 humwadhibu mtu atumiaye maneno ya vitisho au matusi kwa kusudi la kuamsha chuki ya kikabila, au katika hali ambayo yamkini chuki hiyo itaamka. Adhabu yake ni faini isiyozidi shilingi milioni 1, au kifungo kisichozidi miaka 3, au vyote viwili. Neno "matamshi" lisimghuri msomaji akadhani kwamba ulimi peke yake ndio uhukumiwao, kwani maandishi na michezo ya kuigiza imo pia.

Aghalabu istilahi hii huchanganywa na "uchochezi", na hapo ndipo dhuluma iingiapo. Uchochezi, kwa maana tuliyorithishwa na wakoloni katika sheria ya jinai, ni kuwatia raia kinyongo juu ya serikali. Anayelindwa ni mtawala, na Kenya ilikwisha kulifuta kosa hilo mwaka 1997. Matamshi ya chuki humdhuru jirani, kwa sababu ya nasaba ambayo hakuichagua.

Litazame neno "madoadoa". Kwa mchunga ng'ombe halina ubaya wowote. Lakini katika Bonde la Ufa, ambako limetumika kuwaita watu wa makabila yaliyohamia huko, mwanasiasa asimamaye jukwaani akahimiza madoadoa yaondolewe huwa amewaamuru wasikilizaji wawafukuze majirani zao, wala hawezi kujitetea kwa kamusi. Aprili 2022 tume iliyoundwa kwa Sheria ya Uwiano na Utangamano wa Kitaifa ilipotangaza orodha ya maneno ya chuki, neno hilo lilikuwamo kwa haki. Walakini ilitiwa humo pia "hatupangwingwi", kauli ya mitaani ya kukataa kupangiwa mambo, ambayo haimdhili mtu wa kabila lolote. Naiona hiyo kuwa hukumu mbaya, maana Kifungu cha 33 cha Katiba ya 2010, ambacho hakiyapi matamshi ya chuki himaya yoyote, ndicho hicho kimpacho raia haki ya kuwakatalia wakubwa hadharani.

Kwa hiyo nawasihi waandishi wa habari na wakalimani wa mahakama: mtu akishtakiwa kwa kuilaumu serikali, msiandike kwamba ametoa matamshi ya chuki.