Ngoma Ina Rangi Gani?

Muulize mpiga ngoma wa Miteja, wilayani Kilwa, ngoma yake ina rangi gani, atakuonyesha mti na ngozi. Mchoraji Mrusi Wassily Kandinsky angejibu: nyekundu. Katika kitabu chake kuhusu roho katika sanaa, kilichotoka Munich mwishoni mwa 1911, aliifananisha nyekundu kali na mapigo mazito ya ngoma. Filimbi aliipa buluu nyepesi, chelo buluu iliyokoza, na njano akaisikia kama tarumbeta lililopulizwa kwa nguvu.

Miaka mingi kabla, akisikiliza opera ya Wagner, Lohengrin, huko Moscow, rangi zake zote zilimjia machoni. Kisha Januari 1911 alihudhuria tamasha la muziki wa Schoenberg mjini Munich, naye akachora Impression III: njano imefurika turubai, na doa jeusi la piano limetanda juu yake.

Hali yenyewe, ya hisi moja kuamsha nyingine, huitwa sinesthesia. Daktari Mjerumani Georg Sachs aliieleza mwaka 1812 kwa kujichunguza mwenyewe: herufi, namba na noti za muziki zilimjia na rangi. Kipimo chake ni rahisi. Mtu huulizwa rangi za sauti kadhaa, kisha huulizwa tena baada ya miezi bila kupewa taarifa. Mwenye hali hiyo kweli harukiruki. Kwa Kandinsky wataalamu bado wanabishana, na mimi naona alichanganya aliyoyaona na aliyoyafikiria.

Wenye kuona rangi katika sauti nao hawapatani. Watunzi wawili wa Urusi, Rimsky-Korsakov na Scriabin, waliafikiana kwamba ufunguo wa D meja ni njano, lakini C meja kwa mmoja ilikuwa nyeupe na kwa mwenzake nyekundu. Scriabin hakukata tamaa. Katika Prometheus, ya 1910, aliandika kabisa sehemu ya taa za rangi ndani ya noti za okestra.

Hapa kwetu wengine huwa wepesi kumtaja mchoraji George Lilanga, Mmakonde aliyefariki 2005, kuwa na hali hiyo, kwa kuwa mashetani wake hucheza katika rangi zinazopiga kelele. Sidhani kama ni haki. Lilanga alitoka kwenye uchongaji, na pale Nyumba ya Sanaa, Dar es Salaam, akaingia katika batiki na uchoraji. Alichora wachezaji, si sauti. Midundo unaiona kwenye magoti na viuno vyao.