Bunduki ya Winchester na Majina Yasiyoandikwa



Kama ilivyo desturi ya kijitabu hiki, tunatenga nafasi ya historia ya kwetu kabla ya kufikia michango. Mwaka huu tumechagua habari za bunduki moja iliyopita katika nyanda zetu za Kapiti.

Theodore Roosevelt alimaliza urais wa Marekani Machi 1909. Mwezi uliofuata alishuka Mombasa pamoja na mwanawe Kermit na wataalamu wa viumbe wa taasisi ya Smithsonian. Alisafiri bara kwa garimoshi, sehemu ya njia akiwa ameketi mbele kabisa ya injini ili aone wanyama, akateremka katika stesheni ya Kapiti. Katika silaha zake ilikuwamo Winchester ya mwaka 1895, iliyobuniwa na John Browning, ya risasi za .405. Kwa bunduki hiyo aliwinda simba katika vilima vya Kitanga, na katika kitabu chake cha 1910 akaisifu kuwa ndiyo dawa ya simba.

Sifa yake ni wenzo, yaani chuma kilichopinda chini ya kifyatulio, pale mkono unaposhika. Mwindaji akiusukuma mbele, ganda la risasi iliyokwisha hurushwa nje na nyundo hujivuta tayari. Akiurudisha, risasi mpya huingia. Hana haja ya kuishusha bunduki begani. Bunduki za wenzo za awali ziliweka risasi kwenye bomba refu chini ya mtutu, ncha ya moja ikigusa kitako cha nyingine, kwa hiyo risasi zenye ncha kali zilikuwa hatari. Browning alizipanga ndani ya kasha, moja juu ya nyingine, na tatizo likaisha.

Mwenzetu mmoja anayeishi Marekani aliwahi kualikwa kwenye uwanja wa shabaha na mzee mwenye bunduki kama hiyo. Alitusimulia kwamba wenzo ulikuwa laini kama kufuli iliyotiwa mafuta, na mbao za kitako zimeng'aa kwa mikono ya miaka mingi. Lakini kitako chenyewe kina bamba la chuma lililopinda, na teke lake halina huruma. Alipiga risasi tatu, akaomba kupumzika. Bega lilimuuma siku mbili. Tulicheka, kisha tukakubaliana naye kwamba kitu kilichotengenezwa vizuri hustahili heshima hata kama historia yake ina uchungu.

Uchungu wenyewe uko kwenye hesabu. Sisi tunaoishi kwa kuandika vitabu vya hesabu tuliisoma orodha ya Roosevelt kwa makini. Yeye aliua wanyama 296, mwanawe 216. Jumla 512, kila aina na idadi yake. Chumvi ya kuhifadhia ngozi ilikuwa tani nne. Mzigo wa mpagazi ulikuwa kama kilo 27, kwa hiyo chumvi peke yake ni karibu mizigo 150. Wapagazi walikuwa kama 200, watu wa makabila mengi. Wachache wametajwa kitabuni, kama Bakari na Juma Yohari waliobeba bunduki. Wengi wa wengine hawana jina. Swala amehesabiwa, aliyebeba ngozi yake hakuandikwa.

Wakati huohuo, sheria za mkoloni zilitaka leseni kwa kila mwindaji. Mgeni mwenye fedha alilipa na kuwinda. Babu zetu waliowinda kwa upinde na mshale wa sumu wakaanza kuitwa majangili katika ardhi yao. Serikali ya Kenya ilipopiga marufuku uwindaji mwaka 1977, wenye leseni nao wakaweka bunduki chini.

Bunduki za aina ile zimetunzwa ng'ambo, zinapakwa mafuta, zinapigwa picha. Kumbukumbu za wazee wetu hazina kasha la kioo. Kila msiba tunaohudhuria huondoka na majina, njia za zamani na visa ambavyo hakuna aliyeviandika. Sisi tulio mjini tunafika siku ya mazishi, tunachanga, tunarudi Nairobi kabla ya giza.

Ndiyo maana sehemu ya harambee ya mwaka huu itanunua vinasa sauti na kabati la kumbukumbu katika maktaba ya shule. Vijana watakaa na wazee, waulize, waandike. Mchanganuo wa gharama uko mwisho wa kijitabu, shilingi kwa shilingi. Asiye na fedha alete picha ya zamani au jina la babu yake na kazi aliyoifanya. Hilo nalo tutalipokea na kulitolea stakabadhi.