Kingamwili tambuzi

Kwa kawaida kingamwili huelezwa kuwa protini zinazotengenezwa na mwili ili kupambana na vijidudu. Maelezo hayo ni sahihi, lakini hayatoshi kwa kingamwili inayouzwa kwenye kichupa kwa ajili ya maabara, kwa kuwa hiyo haimkingi mtu yeyote. Kazi yake ni kutambua.

Kingamwili ya kawaida ina umbo la herufi Y. Ncha zake mbili hunasa kitu kimoja mahususi na kuacha vingine. Mwaka 1975, Georges Köhler na César Milstein walieleza huko Cambridge, Uingereza, njia ya kuzalisha kwa wingi kingamwili za aina moja tu, na mwaka 1984 wakapata Tuzo ya Nobel pamoja na Niels Jerne.

Kalemie ni mji wa Kongo, kando ya Ziwa Tanganyika, unaosumbuliwa na kipindupindu mara kwa mara, na kipimo cha haraka cha ugonjwa huo kinategemea kazi hiyo ya kutambua. Ukanda mwembamba huchovywa kwenye sampuli ya choo cha mgonjwa. Kingamwili zilizomo zikikutana na bakteria wa kipindupindu wa kundi O1 au O139, huwanasa, na mstari wenye rangi hutokea baada ya dakika chache. Majibu kamili huthibitishwa kwa kuotesha bakteria maabarani.

Watafiti wa misuli hutumia mbinu hiyohiyo. Mvuvi anayevuta wavu wa ndagala usiku katika Ziwa Tanganyika huunguza ATP, nishati ya chembe hai. ATP ikipungua, AMP, yaani mabaki ya ATP iliyotumika, huongezeka, na kimeng'enya kiitwacho AMPK huhisi badiliko hilo. Kikiwashwa, huusaidia msuli kuingiza sukari na kuunguza mafuta, huku kikipunguza ujenzi unaokula nishati. Alama ya kuwashwa ni fosfeti inayobandikwa kwenye asidi amino namba 172, iitwayo threonini. Ipo kingamwili inayonasa AMPK yenye fosfeti hiyo pekee, na ipo inayonasa AMPK yote. Mtafiti hutenganisha protini za msuli kwa umeme ndani ya jeli, huzihamishia kwenye utando, kisha hulinganisha mistari ya kingamwili hizo mbili. Hapo huona ni kiasi gani cha kimeng'enya kimewashwa.

Baadhi ya wafasiri huandika "kingamwili dhidi ya AMPK", wakifuata kiambishi anti- cha Kifaransa na Kiingereza. Neno dhidi linampotosha msomaji, kwa maana linakifanya kimeng'enya kinachotusaidia kionekane adui. Napendekeza tuseme "kingamwili tambuzi ya AMPK", na AMPK yenyewe tuieleze kuwa "kimeng'enya kihisi-nishati". Kingamwili peke yake ibaki kwa ile ya damuni inayotulinda.

Walimu wa biolojia na wauguzi wa Kalemie wanaosoma kwa Kifaransa na kuwaeleza watu kwa Kiswahili ndio watakaoipa istilahi hii uhai. Itumieni darasani na kwenye vituo vya afya, na palipo na kasoro, irekebisheni.